Mashuka kwenye Waya wa Ishara

Nguvumali, Jumapili

Na kumbe baba mkwe wala hakukasirika. Wiki tatu tangu harusi nimeishi na hofu kwamba hanitaki, maana kila nikimwamkia hujibu "Marahaba" kisha kimya.

Leo Salimu wangu kanipeleka kwa baba yake Muheza, kwenye nyumba ya reli ya tangu enzi za Mjerumani. Nikataka nionekane mke mwema. Nikamfulia mzee mashuka, nikayaanika kwenye waya mrefu ulionyooka kando ya reli.

Salimu alipotoka nje akashika kichwa. "Mpenzi, huo ni waya wa kuvutia ishara ya treni. Haufanyi kazi tena, lakini baba anaupaka grisi mpaka leo, kama enzi zake za kazi ya reli."

Mashuka yote yalikuwa na mistari myeusi. Nikakosa pa kuuficha uso.

Mzee akaja, akatazama, akacheka hadi akakaa chini.

"Marehemu mama yake Salimu alifanya hivi hivi wiki yake ya kwanza hapa," akasema. "Shuka zikaelemea waya, ishara ikakwama, treni ya Korogwe ikasimama kumngoja bibi harusi. Mkubwa wangu wa kazi alinigombeza, mwanangu, lakini mke wangu sikumwambia neno."

Mwanangu! Ndivyo alivyoniita.

Njiani kurudi nyumbani Salimu alipakata beseni la mashuka machafu na kunitabasamia tu. Jamani, nampenda huyu mume.

Nimeyaloweka, grisi haitoki. Tulipoagana nilimwahidi mzee kwamba kabla mwezi haujaisha nitayarudisha mwenyewe Muheza, yatakate au yabaki na mistari yake.