Uso wa Mjane

Alhamisi, Qurum, 2004

Na kwa nini iwe filamu ya reli, kati ya zote alizoletewa na mwanawe huyu Bibi Zuwena ninayemtunza.

Ilikuwa ya zamani sana, haina sauti, maneno yanatokea kwa Kiingereza kati ya picha na picha. Bibi Zuwena hajui Kiingereza, kwa hiyo baada ya alasiri namkanda magoti kwa mafuta ya karafuu huku nikimsomea kwa Kiswahili.

Mfanyakazi wa reli alisahau kugeuza njia, treni mbili zikagongana. Alipotoka jela akaenda kumpigia magoti mjane wa dereva. Mjane akajibu, "Sitakusamehe mpaka naingia kaburini." Mimi nikamsomea Bibi, "Nimekusamehe, nenda kwa amani."

"Rehema, mwanangu, mie nnamwona. Uso ule si wa mtu alosamehe."

Nikalia palepale, mikono imejaa mafuta. Nikamweleza habari za baba yangu, kazi yake ya reli kule Tabora, ajali aliyoisababisha, na miaka yote aliyokwenda kubisha mlango wa mjane mmoja asifunguliwe. Baba wamemzika wiki iliyopita, mimi niko huku ng'ambo kazini.

"Na babaako, alisamehewa?"

Nikasema ndiyo. Nikasema yule mjane alimfuata hospitali kabla hajafa, wakashikana mikono.

Bibi aliniangalia muda mrefu, vilevile alivyomwangalia yule mjane kwenye TV. Kisha akasema, "Alhamdulillahi," akanipa leso yake nijifute uso.