Wimbo Uliotengenezwa kwa Nusu ya Barua Yako

Mama Danieli,

Nimekuita kwa jina ambalo hakuna mwingine aliye hai anayelitumia. Kanisani, sokoni, hata siku ile tulipokulaza kule Mvumi, walikuita Mama Rehema, kwa mtoto wetu wa pili, nawe miaka yote hiyo uliitika kwa upole. Mimi peke yangu, ndani ya nyumba, niliendelea na jina la kwanza, na kwa jina hilo ulikuwa na namna nyingine ya kuitika. Leo nimelihitaji, kwa sababu nililo nalo siwezi kumweleza Mama Rehema.

Ulipoondoka, Rehema alinichukua nikakae kwake Chang'ombe, hapa Dodoma mjini. Nilikuja na nguo zangu, vitabu vyangu na lile sanduku lako la bati. Mjukuu wetu Tabitha, uliyemwacha akiimba kwaya, sasa ni msanii. Ndivyo wanavyojiita, hata kabla ya kutengeneza chochote.

Alasiri moja alinijia na simu mkononi, na katika mkono wa pili karatasi yako, ile uliyoniandikia nilipokuwa mwaka wa kwanza katika chuo cha uinjilisti. Alikuwa ameitoa sandukuni bila kuniomba. "Shikamoo, mume wangu," akasema kwa utani wake. "Nisomee huu mstari wa mwisho tu. Nataka kusikia mlivyokuwa mnabembelezana."

Barua ile ilikuwa na karatasi mbili, wewe unajua. Ya kwanza naiweka ndani ya kitabu changu cha sala, na haijawahi kutoka humo. Aliyoipata Tabitha ni ya pili, yenye mistari michache: nakungoja, watu wote hapa wanakungoja, njoo upesi, usichelewe. Akadhani ni mahaba. Nami sikumsahihisha. Nikavaa miwani, nikasoma kwa sauti ile ninayosomea Neno kanisani, naye akanishukuru, akaondoka.

Baada ya majuma machache nilikuwa nimekaa nje ya duka la Mama Asha, jirani yetu wa Kondoa anayeuza viungo. Redio yake ikaanza kukwaruza. Kisha nikasikia sauti yangu, kumbe simu ya Tabitha siku ile ilikuwa ikinirekodi: "Njoo upesi, usichelewe." Mama Asha akaacha kupima iliki. "Baba Rehema! Kumbe ulikuwa moto hivi? Mwenzio alikusubiri mpaka akaandika!"

Nikuambie wimbo wenyewe ulivyo, maana wewe umetajwa humo bila kuulizwa. Ni wimbo wa taratibu, wa kuiga zile nyimbo tulizozikataza kwa vijana wa kanisa, zenye gitaa linalolia na sauti ya kike inayojikokota. Ile mikwaruzo si ya redio. Wameiweka kwa makusudi, ili wimbo uonekane umetoka kwenye santuri ya zamani. Unakumbuka nilivyokuwa nikifuta santuri za nyimbo za dini kwa kitambaa chenye maji, nikiwagombeza watoto wasizishike kwa vidole? Sisi tulihangaika kuondoa ule uchafu. Hawa wanaukaanga na kuupakua kama chakula. Zeze ya baba zetu nayo imo, lakini hakuna mpiga zeze. Imetoka kwenye kompyuta, na inalia kama mbuzi aliyefungiwa.

Maneno yake ni mabaya zaidi. Eti unaningoja stesheni na kitambaa cheupe mkononi. Stesheni ipi? Pale kijijini kwetu hapakuwa na stesheni, wala hukuwahi kuwa na kitambaa cheupe cha kupungia watu. Eti enzi zile mapenzi yalikuwa ya kweli kwa kuwa hapakuwa na simu. Watoto hawa wanaona wivu kwa jambo lililotuua. Kama simu ingekuwapo, Mama Danieli, ningekuwa na udhuru gani?

Nilikwenda kumwona aliyeutengeneza, prodyuza wanamwita, katika chumba kilichozibwa kwa magodoro nyuma ya karakana ya milango. Nilikwenda kukemea. Kijana yule aliniamkia vizuri, akanipa kiti, kisha akaniambia, "Mzee, sauti yako ina vumbi lenyewe. Hata ningetafuta mwaka mzima nisingeipata." Nikaghadhibika. Ila nilipotoka nje niligundua kwamba nilikuwa nimejinyoosha mabega.

Umependwa, wimbo huo. Vijana wa bodaboda wananipigia honi za kuuiga. Bwana harusi mmoja wa ukoo wetu aliuchagua uwe wa kukata keki, nami nikaalikwa. Walikuja wasichana wamevaa gauni za kukodi, wavulana wamevaa bugaluu, zile suruali pana chini, na viatu vya raizoni vyenye soli nene, wanayumba kama ndama aliyezaliwa leo. Mshereheshaji, mtu mwenye mdomo usio na mlango, akaita, "Mabibi na mabwana, yule aliyengojwa stesheni tunaye humu! Babu, simama wakuone! Ulichelewa wapi wewe?"

Ukumbi mzima ukacheka. Nikasimama. Nikavua kofia, nikawapungia.

Nimewadharau hawa watu kwa ukurasa mzima, na ni haki yangu. Lakini wao hawajui wanachokichezea. Aliyejua ni mmoja, naye ndiye aliyepunga kofia.

Juma lililopita walitaka kupiga picha za wimbo nyumbani kwetu Mvumi, kwa kuwa nyumba ile, walisema, imechakaa vizuri. Nilikwenda nao. Prodyuza akatafuta mahali pa kusimamisha kamera, akapaona kando ya kaburi lako, akaanza kusogeza mawe. Yale mawe madogo, Mama Danieli, uliyokuwa ukiyapanga upya kila baada ya mvua.

Nikapiga kelele, "Rudisha!" Wote wakaganda. Tabitha akanishika mkono. "Babu, kwani hapa kuna nini?"

Nikamjibu, "Mawe."

Nimehubiri karibu maisha yangu yote, na sijawahi kutamka neno dogo lenye uongo mkubwa kama lile. Nikayarudisha mwenyewe, moja moja, nimepiga magoti, nao wakadhani ni uzee. Wakaenda kupigia picha zao kwenye zizi.

Tangu siku ile sijapata raha, ndiyo maana nakuandikia. Wewe hukuwahi kunitaka nieleze jambo lile, nami nilijificha katika upole wako. Acha sasa niliandike. Karatasi ya kwanza inasema Danieli ana surua, hanyonyi, macho yamefunga. Ilinifikia Alhamisi. Ijumaa kulikuwa na lori la kuja Dodoma, nikaliacha liende, kwa sababu Jumapili ilikuwa zamu yangu ya kuhubiri kwa mara ya kwanza mbele ya walimu. Nilihubiri juu ya kungoja kwa imani. Walinisifu. Nilifika nyumbani Jumatatu, juu ya magunia ya karanga, nikakukuta mlangoni unachambua mlenda. Ulinipa maji ya kunawa. Ukasema, "Umefika." Kisha ukanionyesha mahali penye mawe.

Hiyo ndiyo mikwaruzo iliyo katika barua yako, na hakuna mashine inayoweza kuitengeneza. Wimbo wao ni upuuzi. Lakini waliutengeneza kwa nusu ya barua kwa kuwa nusu nyingine niliifungia mimi, na mtu anayempa mtoto nusu ya neno asishangae akilicheza ngoma.

Sitamwomba Tabitha auzime. Najua ningefurahi ukizimwa, na kwa sababu hiyo hiyo siiamini furaha hiyo. Jumamosi nitakwenda naye Mvumi, sisi wawili tu. Nitamketisha kati yako na mawe yale, nitatoa karatasi ya kwanza, nami nitamsomea zote mbili kwa mpangilio wake, kwa sauti ile ile. Nitamwambia jina la mjomba wake. Nitamwambia lori lilikuwa la Ijumaa. Baada ya hapo aimbe au asiimbe, lakini aimbe akijua. Hili nakuahidi mbele za Mungu, ambaye hakuwapo ukumbini kunipigia makofi.

Pumzika, mke wangu, na mwanao umshike vizuri. Barua yako ilinifikia Alhamisi ile, na sikuwahi kuijibu kwa maandishi. Nilidhani kufika kwangu kulitosha kuwa jibu. Hili ndilo jibu, na limechelewa kama mwandishi wake.

Nakuja, Mama Danieli. Na nikifika, usiniambie umefika. Niulize nilikuwa wapi.

Ni mimi,
Baba Danieli