Hata Msumari Usiguswe

Jumatatu, 3 Novemba 1997
Nimepiga pasi lile rinda la kortini. Sijui ni mara ya ngapi. Shangazi amefika kutoka Machakos. Atashuhudia kwamba marehemu baba alituachia hii ploti ya Huruma sote wawili, mimi na mdogo wangu Kyalo. Kyalo anadai mwanamke aliyeolewa hana fungu. Ndoa yangu ilikufa, naye anajua. Vyumba ni vinne. Nataka viwili, na karatasi yenye jina langu. Basi.

Jumanne, 4 Novemba
Kumbe leo kesi ilikuwa ya kutajwa tu, si ya kusikizwa. Tofauti ni nini? Wakili alinieleza, nikatikisa kichwa kama mwenye akili. Sikuelewa kitu. Halafu hakimu ni mpya, yule wa kwanza amehamishwa. Kesi imeahirishwa hadi Februari. Shangazi hakufungua kinywa. Kyalo alimnunulia chai na mandazi, maana ni shangazi yake pia. Wakacheka. Nilikasirika, kisha nikaona haya kwa kukasirika.

Ijumaa, 7 Novemba
Mvua. Paa linavuja juu ya kitanda changu. Amri ya korti ni kwamba mali ibaki ilivyo mpaka kesi iamuliwe. Hata msumari usiguswe, wakili alinionya. Yaani wanailinda nyumba kwa kuiacha ioze? Husemwa fahali wakipigana ziumiazo ni nyasi. Hapa fahali mwenyewe amelowa. Nimesukuma kitanda mlangoni.

Jumatano, 12 Novemba
Nimetoka sokoni Kariokor, ninakoshona mikanda ya vikapu vya kiondo, nikakuta mabati mapya juu ya chumba changu. Juu yangu tu. Kwa Kyalo, hapa kando, ni yale yale ya kutu. Mama Atieno wa jirani alimwona mchana, yuko juu na nyundo. Jioni nilikutana na Kyalo bombani. “Sasa, dada,” akasema. “Poa,” nikasema. Hakutaja paa, nami sikutaja.
Huu ni ujanja au ni undugu? Sielewi.

Alhamisi, 13 Novemba
Nimepita kwa wakili, nikamwambia kuna mabati mapya. Amefurahi mno. Eti Kyalo amevunja amri. Nikiapa kwamba ni yeye, anaweza kufungwa, na kesi yetu itasikizwa upesi. Miaka sita nimeomba huo upesi. Nimesema nitafikiri.
Namchukia Kyalo. Nampenda. Namchukia wakili kwa kufurahi.

Jumapili, 16 Novemba
Kanisani sikusikia mahubiri. Vyumba viwili. Karatasi yenye jina langu. Nyundo.

Jumatatu, 17 Novemba
Kiapo kilikuwa kimeshachapwa, kinangoja sahihi yangu. Wakili akauliza ni nani aliyepanda juu ya paa. Nikasema sikuona. Ni kweli, sikuona. Akafunika kalamu yake. Tukutane Februari, akasema.
Mvua imerudi jioni. Nilisikia Kyalo akipanga sufuria chini ya matone. Nimempelekea karai langu. Amelipokea kwa mikono miwili.