Kuku Wangu Hawashuki Tena Shimoni

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Na shikamoo nyingine ya pili, kwa sababu ya kwanza ni ya heshima na hii ni ya kukupoza kabla hujafika mbali. Goti linaendeleaje? Mvua imewafikia, au bado mnatazama mawingu yakipita kwenda kwa wenzenu? Na maksai wako, Mabaka na Kapteni, wameshaanza kulima? Huku Geita mimi, Masanja na mjukuu wako Neema tu wazima kabisa, tena nina furaha ambayo nikikaa nayo peke yangu itanipasua. Ningekupigia simu, lakini wewe simu unaiweka spika na mji mzima unakuja kusikiliza. Hii nataka uisome mwenyewe na miwani yako. Usimpe Kulwa akusomee. Kaka yangu namjua, ataongeza chumvi.

Najua umenikasirikia. Ujumbe wako niliupata kupitia kwa huyo huyo Kulwa: "Nimesikia Minza amewagomea watu kwa ajili ya kuku. Mungu alimweka mtu juu ya wanyama wote. Yeye anasoma Biblia ipi?" Nilicheka, kisha nikaumia, kisha nikacheka tena. Waliokuletea habari wamekuletea mkia wakaacha ng'ombe. Ngoja nikupe ng'ombe mzima.

Unajua mume wangu anachimba kwenye duara, ndilo jina la shimo la dhahabu huku kwetu, na mimi napika chakula pale pale juu, nyuma ya jiko nina banda la kuku. Sasa wachimbaji wakishalipua mwamba kwa baruti, chini kunabaki hewa mbaya ambayo huioni wala huisikii. Mtu akiwahi kushuka, analala moja kwa moja. Kwa hiyo wana desturi yao: wanamweka kuku kwenye tenga, wanalishusha kwa kamba mpaka chini, wanasubiri, wanalivuta. Akirudi anapiga kelele, watu wanashuka. Akirudi kimya, wanangoja mpaka kesho. Kuku hao walikuwa wakinunua kwangu, wakiniishia nachukua kwa Bi Zuwena, mama wa Kiislamu anayewaleta kutoka Chato. Sikuwahi kuona ubaya. Kuku ni kuku, nilikuwa nasema, na wewe ungesema vivyo hivyo.

Basi siku moja walishusha mtetea wangu mwekundu. Kamba ikaenda, ikaenda, ikalegea. Anayezungusha winchi akasema tayari, limefika. Wakasubiri, wakavuta. Baba, kuku alitoka mzima, tena ndani ya tenga kulikuwa na yai! Walivyoshangilia ungedhani dhahabu yenyewe imetagwa. Luhende, mwenzake Masanja wa tangu siku nyingi, akalinyanyua yai juu akapiga kelele, "Hewa safi mpaka kuku anazaa! Leo tumepata!" Kwa wachimbaji hiyo ni bahati, na mtu wa kwanza kushuka ndiye anaibeba. Wakagombania kushuka. Masanja akawashinda, si unamjua mkwe wako akitaka kitu chake. Hata mimi nilikuwa nimesimama na mwiko mkononi nacheka.

Hakukaa sana. Tukamsikia akikohoa, kisha kikohozi kikakatika. Luhende akamwita, kimya. Mungu mkubwa, Masanja alikuwa bado hajafungua kamba kiunoni. Wanaume wote waliishika ile winchi, wengine wakavuta kamba kwa mikono mitupu, na mimi nilikuwa napiga kelele jina lake tu, sijui lolote jingine. Alitoka kichwa kimelala begani. Nilijua nimekuwa mjane. Tukamlaza kwenye upepo, tukampepea kwa khanga, tukampakia kwenye pikipiki tukamkimbiza zahanati, na huko ndiko alikofungua macho. Neno lake la kwanza lilikuwa, "Yai liko wapi?" Nilitamani kumbusu na kumzaba kofi kwa wakati mmoja.

Luhende alipochunguza baadaye alikuta shimo lina kona, na kwenye kona pale kuna timba, ile miti inayoshikilia kuta zisianguke. Tenga lilikwama juu ya timba. Manyoya mekundu yalikuwepo pale pale. Kuku hakufika chini hata kidogo, alikaa nusu ya safari kwenye hewa nzuri, akatulia gizani, akataga lake.

Kesho yake mwenye duara akatuma mtu jikoni kwangu. Hakuuliza Masanja amelalaje. Alisema, "Mama Neema, bosi anataka kuku wawili leo, mmoja hatoshi."

Baba, nikasema hapana. Kuku wa kula nauza, hata kumi. Kuku wa kushushwa shimoni siuzi tena, mkamwambie hivyo. Na nilipomwambia Bi Zuwena, nilidhani atanicheka, lakini yeye alikuwa na lake siku nyingi. Akasema, "Mwanangu, kuku Mungu kanihalalishia nimchinje kwa jina lake, nimle. Hakunihalalishia nimfukize gizani kisha nimtupe nyamafu. Mimi nilikuwa naona haya kusema, ila kwa kuwa umesema wewe, na wangu hawatoki." Na akina mama wengine wenye mabanda wakaingia. Siku ile mtu wa bosi alizunguka kambi nzima na tenga tupu.

Usifikiri wachimbaji walinipongeza. Luhende alikuja jikoni amevimba. Akaniambia, "Shemeji, ina maana wewe kuku unamthamini kuliko sisi? Sisi tushuke tujaribu wenyewe?" Hapo ndipo lilipotoka lile neno lililokufikia wewe huko. Sasa sikiliza nilichomjibu, maana hicho hawakukuletea. Nilimwambia: Luhende, nikiambiwa nichague kati ya Masanja na kuku wote wa Kanda ya Ziwa, nawachinja wote kwa mkono wangu kabla ya adhuhuri. Mtu ni zaidi, sina ubishi. Lakini bosi hamshushi kuku kwa sababu anakupenda wewe kuliko kuku. Anamshusha kwa sababu kuku ni rahisi kuliko feni ya kusukuma hewa. Kwake yeye ni foleni tu ya vitu rahisi. Kuku amesimama wa kwanza, na jana tumeona wa pili ni nani.

Alikaa kwenye benchi. Kisha akaagiza chai.

Na wewe, Baba, nikujibu hivi hivi kwa heshima zote. Uliponitumia ule ujumbe nilikukumbuka ukitoka shambani, jua kali, koo limekukauka. Unawafungua nira Mabaka na Kapteni, unawapeleka kunywa, unasimama hapo mpaka washibe, ndipo unakunywa wewe. Mama alikuwa akikugombeza kwamba utaanguka. Hakuna jirani hata mmoja aliyesema unawaweka ng'ombe juu ya watu. Na ng'ombe hao hao ukiamua kuchinja unachinja, na sisi tunakula tukashiba. Basi ukisema Mungu alimweka mtu juu ya wanyama, nakubali, ila mimi kuwa juu nimejifunza kwako, na kwako kuwa juu ni kuamka kabla yao. Bosi wetu yeye akiwa juu anatia kitu chini yake kikafe. Leo kuku, kesho mume wangu. Kuna tofauti hapo, au mimi ndiye mkaidi kama ulivyokuwa ukisema?

Sikufichi kwamba bado kuna kitu sijakimaliza moyoni. Wale kuku waliokuwa wakirudi kimya zamani, niliwatupa nyuma ya banda kama maganda ya viazi. Feni isingekuwepo kabisa duniani, ningewauza tena? Nadhani ningewauza, na nisingelala vizuri. Hilo nitalijadili na wewe nikija, tukiwa tumekaa.

Sasa habari yenyewe ya furaha! Duara lilisimama. Bosi alituma watu mpaka Chato wakanunue kuku, wakamletea, lakini kuku walipofika, wachimbaji nao walikuwa wamegoma. Masanja alitoka kitandani akaja na blanketi begani, akawaambia wenzake, "Mimi nimeshakuwa kuku mara moja. Inatosha." Wakaketi chini wote. Bosi alifoka, akasema ataleta watu wengine, akaondoka na vumbi lake. Nilikuwa naogopa, Baba, nisikudanganye. Usiku nilikuwa namsikiliza Masanja anavyohema, na najiuliza kama nimewanyima watu ugali wao. Kisha juzi gari likaingia kambini na feni kubwa mgongoni, wao wanaiita blowa, pamoja na jenereta na bomba refu la turubai la kupeleka hewa mpaka chini. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: alinunua nzuri. Akina mama tulipiga vigelegele mpaka Bi Zuwena akapoteza sauti, hadi leo anauza kwa ishara.

Mama Doto ndiye anayeibeba barua hii, anakuja huko kwenu Ngokolo kumwona bintiye aliyejifungua, na ananisimamia hapa na mzigo kichwani, kwa hiyo nitoe salamu kabla sijamalizia la leo asubuhi. Mwambie Mama nimepata ile dawa ya mgongo, Mama Doto anayo. Msalimie shangazi, na mwambie mjukuu wake Neema ameota meno mawili ya mbele na anauma watu. Kulwa msalimie, mwambie nimemsamehe. Na mzee jirani yetu anayekuazima jembe na harudishi, naye pia, basi.

La leo ni hili. Blowa ilifungwa, ikawashwa, inanguruma mpaka sufuria zangu zinatetemeka. Bosi akaja na viatu vyake vyeupe, na kwapani, Baba, amebeba kuku! Akasema, "Tumjaribu huyu mara ya mwisho tu, ili tuwe na uhakika." Luhende akamsogelea, akampokea yule kuku taratibu kwa mikono miwili, akamweka chini. Kuku akakimbilia jikoni kwangu. Kisha Luhende akasema, kwa adabu kabisa, "Bosi, feni umeichagua wewe. Unaiamini?" Bosi akacheka. Hakuna aliyecheka naye. Masanja akaichukua kamba, akamnyooshea.

Nilidhani atapanda gari lake aondoke. Alitutazama mmoja mmoja, akavua viatu, akajifunga kamba kiunoni, fundo likamshinda mpaka Masanja akamsaidia. Akakaa ukingoni, miguu inaning'inia gizani. Ndipo akageuza shingo na kumuuliza mume wangu, kwa sauti ndogo sijawahi kuisikia kwake: "Una hakika kuna hewa huko chini?"

Baba, tangu tulipofika hapa, sisi sote, hiyo ndiyo mara ya kwanza yule mtu kuuliza.

Wabeja sana kwa kunilea.

Ni mimi mwanao anayekupenda na kukubishia,
Minza, Mama Neema