Mchumba Wangu Ameapa Dhidi Yangu Mahakamani

Kwako mshauri wetu Bi. Wacera, nakuandikia, naomba unisaidie kabla sijapoteza akili.

Mimi ni msichana wa miaka ishirini na mitatu, naishi Shauri Moyo na wazazi wangu, baba ni dereva wa lori, na hadi mwaka jana nilikuwa chuo kikuu, mwaka wa pili, wa kwanza katika ukoo wetu kufika huko. Nilianguka somo la takwimu, nikarudia mtihani nikaanguka tena, wala sikuhangaika sana kwa sababu kanuni tuliyoikuta chuoni ilisema mtu wa namna hiyo anaingia mwaka wa tatu huku akilisoma somo hilo upya, lakini majina yalipobandikwa langu halikuwepo, nikaambiwa kanuni imebadilishwa, ukianguka mara mbili unaondolewa kabisa, tukaondolewa mimi na mwenzangu Phares, ambaye alifunga sanduku akarudi kwao Machakos bila kubishana na mtu.

Mimi nilikataa. Baba alinipeleka kwa wakili, Bwana Makokha, naye akasema mahakama haisahihishi mitihani, lakini inaweza kuuliza kama tuliambiwa kanuni mpya kabla ya kurudia mtihani, na hapo ndipo kesi yote ilipokaa, nami nilikuwa na hakika kwa sababu hakuna aliyetuambia.

Wiki iliyopita tulienda mahakamani, baba akiwa safarini Mombasa. Wakili wa chuo alisimama akasoma kiapo cha mwalimu anayesema kwamba Alhamisi ya mwisho ya mwezi wa nne mwaka jana, kabla hatujarudia mtihani, alisimama mbele ya darasa letu akatusomea kanuni mpya neno kwa neno, na alipotaja jina la mwalimu huyo nilidhani sikusikia vizuri, maana ni Gachanja, mchumba wangu, niliyechumbiana naye hata kabla hajaajiriwa kufundisha, na Alhamisi hiyo hakukuwa na darasa kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa nasi Kangundo tukimzika nyanya yangu, na alikuwa mmoja wa waliobeba jeneza.

Bwana Makokha aliniinamia akauliza, "Huyu unamjua?"

"Ni mwalimu wetu," nikajibu, nisitaje uchumba wala mazishi.

Jioni nilimfuata Gachanja nyumbani kwake nikamuuliza kama kweli aliapa. Hakuniangalia.

"Mkuu wa idara aliniletea karatasi imeshaandikwa," akasema. "Bado sijathibitishwa kazini, Nthambi. Ningefanyaje?"

"Ungesema ulikuwa wapi."

"Na wewe digrii ya nini? Si tunaoana Desemba?"

Juzi Jumapili, mama yangu akiwa kanisani na baba bado hajarudi, mama yake Gachanja alikuja. Anauza nguo katika soko la Gikomba na alimlea peke yake. Alipiga magoti jikoni kwetu akaniomba nisimfunge mwanawe, na sikujua nimwinue au nikimbie. Kesi inarudi Jumatatu ijayo, nikisema ukweli Gachanja atapoteza kazi na huenda akafungwa, nikinyamaza masomo yangu yamekwisha, na wazazi hawajui lolote. Nifanye nini?

Nthambi, Shauri Moyo

Nthambi,

Barua yako niliiweka chini nikatoka nje kidogo kabla ya kuimaliza. Pole, binti yangu. Kuonewa na ofisi tumezoea. Lakini mtu abebe jeneza la nyanya yako, halafu aape kwamba saa ile alikuwa darasani! Nimesoma barua za watu miaka mingi na hii imenishinda.

Sasa nikugombeze. Wakili wako alikuuliza swali ukamficha jibu. Unataka akutetee akiwa haoni? Baba yako akirudi, mwambie yote kabla hajavua koti, kisha mwende pamoja kwa Bwana Makokha mkamweleze uchumba, mazishi na yale aliyokuambia Gachanja. Kumbuka si wewe peke yako unayejua. Watu wote waliokuwa mazishini walimwona, na baba yako anaweza kuapa vilevile.

Phares naye mwandikie aje. Kijana wa watu yuko Machakos akidhani labda ni yeye hakusikia kanuni ikitangazwa.

Mama Gachanja mwonee huruma, mpe chai, lakini usimpe masomo yako. Si wewe unayemfunga mwanawe. Aliyetia sahihi ni Gachanja mwenyewe, na bado ana nafasi: kabla ya Jumatatu anaweza kula kiapo kingine, akubali kwamba cha kwanza ni cha uongo, na aseme nani alimletea. Mwambie Gachanja hivyo mara moja tu, baba yako akiwepo. Usimbembeleze wala usimtishe.

Kuhusu Desemba, hakuna Desemba. Anayekuuliza digrii ni ya nini baada ya kukusaidia kuipoteza amekwisha kukuonyesha atakavyokuwa kama mume. Wazee wakutane wauvunje uchumba kwa heshima.

Wala siwezi kukuahidi kwamba jaji atakurudisha chuoni. Na akikurudisha, takwimu zitakuwa zinakungoja palepale, kwa hiyo fungua vitabu leo, maana hilo somo hukuangushwa na Gachanja.

Jumatatu fika mapema, kaa nyuma ya wakili wako. Ukiitwa, simama wima na useme kwa sauti ambayo hata aliye mlangoni ataisikia.