Mkaguzi na Chumba cha Koji

Jumatatu, 16 Januari

Nimerudi mikono mitupu, bila kibali. Mara ya nne! Bwana Nakagome wa ofisi ya afya kapima mchoro wa banda letu la miso kwa rula yake, akatabasamu: bomba la kunawia halifunguliwi kwa vidole. Lazima kiwiko. Mbona hukusema mara ya tatu? Eti mara ya tatu tulikuwa kwenye sinki. Kazoea kukagua mikahawa mjini, huku kahamishiwa Oktoba.

Shangazi Fumie kacheka mpaka akakohoa. Miaka sitini anatengeneza miso, rojo ya soya iliyochachushwa, bomba anafungua kwa vidole. "Mwambie aje aonje, tuone kama atakufa!"

Mimi sikucheka. Shule inataka miso yetu kwa chakula cha watoto kuanzia Aprili. Nakala ya kibali waipate kabla Februari haijaisha, la sivyo watachukua ya kiwandani. Na kazi ya benki nimeshaacha.

Jumatano, 25 Januari

Bomba tayari. Fundi Yazaki kalijaribu kwa kiwiko, akalowa kifua kizima. Cheti cha maji ya kisima — kipo. Cheti cha mafunzo ya usafi — kipo. Siku nzima nafundishwa kunawa mikono! Ukuta kati ya banda na jiko letu — upo. Sasa nikitaka chumvi nazunguka nyumba kwenye theluji. Usafi gani huo?

Hamu ya natto imenishika. Yale maharage ya soya yaliyochacha yanavyonata, juu ya wali wa moto! Lakini Shangazi kapiga marufuku tangu Desemba, kama kila mwaka. Vijidudu vyake vikiingia chumba cha koji, ukungu wetu wa kuchachushia umekwisha, na bila koji hakuna miso. Mbegu ya ukungu huo aliianzisha mama yake. Kila Februari tunaiotesha upya kwenye mchele. Ya akiba hatuna. Hata mleta barua huulizwa mlangoni amekula nini.

Alhamisi, 9 Februari

Theluji hadi kiunoni. Ukaguzi umeahirishwa. Karani anasema labda Machi. Machi! Nimejifungia chooni nikalia.

Jumatatu, 13 Februari

Mchele umeiva kwa mvuke alfajiri, Shangazi kanyunyiza mbegu yote, tumeulaza kwenye chumba cha koji. Siku mbili hauguswi na mgeni. Huu ni wa nyumbani, kuuza bado marufuku.

Saa sita mchana, simu. Bwana Nakagome kapata nafasi: kesho, au baada ya tarehe ishirini Machi. Kesho! Nikainama mbele ya simu kama mpumbavu, mara tatu.

Jumanne, 14 Februari

Naandika jikoni, maji ya chai yako motoni.

Kafika saa tatu kamili. Bomba kalibonyeza kwa kiwiko mara mbili, karidhika. Sakafu sawa. Nyavu za madirisha sawa. Kimebaki chumba cha koji tu. Shangazi kasimama mlangoni, akamuuliza kama anavyomuuliza mleta barua:

"Mwanangu, asubuhi umekula nini?"

"Natto, bibi! Kila siku tangu utotoni. Ndiyo maana siumwi."

Masharti yake ishirini na matatu nimeyabandika ukutani. Letu moja tu, sikumwambia! Mjinga mimi.

Nimemsihi apate chai kwanza. Nikamweleza. Kasikiliza vizuri, si mtu mbaya. Lakini bila kuingia hapigi muhuri, picha za simu hazitoshi. Atavaa barakoa na koti jipya. Atanawa tena — kwa kiwiko, kasema, na akacheka.

Shangazi kakaa chini, mgongo kauegemeza kwenye mlango wa koji. Nikamwinamia: Shangazi, nifanye nini?

"Kibali chako, Chizuru. Mbegu ya mama. Sema wewe, mimi nitasogea."

Heri angenikataza! Ningemchukia, basi.

Maji yamechemka. Bwana Nakagome anaita kutoka sebuleni: ameshanawa, ameshavaa, yuko tayari. Nazima moto. Ng'ambo ya ukuta namsikia Shangazi anajikongoja kuinuka mlangoni, kabla sijaamua.