Jani la Isale, Kitanda cha Sita

Jumatatu, 7 Machi 1994
Zamu ya asubuhi. Vidonda vingi, glavu chache. Kitanda cha sita: Mzee Tarimo wa Mkuu, Rombo. Sukari, kidonda cha unyayo. Mimi humsafisha kwa dakika kumi. Mama Massawe, inchaji wa wodi yetu, nusu saa nzima. Anavuta kigoda, shikamoo, migomba inaendeleaje, mbuzi kazaa, ndipo anagusa bendeji. Naona anapoteza muda.

Jumanne, 8 Machi
Nimeharibu. Chini ya kitanda chake nimekuta chupa ya chai, ndani mbege, pombe yetu ya ndizi. Nikampandishia sauti: kama anataka kufa, akafie kwao Rombo. Mke wa mwanawe alikuwa amesimama pale na sufuria ya mtori. Akainamisha macho. Mimi Mchagga wa Uru, najua fika mzee hatukanwi mbele ya mkwewe. Ulimi ulinitangulia.

Alhamisi, 10 Machi
Siku ya pili hataki kuguswa na mtu. Kajifunika shuka hadi kichwani. Hata Mama Massawe anamjibu kwa kuguna. Kidonda kinanuka. Daktari kasema kisiposafishwa hadi Jumatatu, mguu utakatwa chini ya goti. Mguu wa mtu, kwa sababu ya mdomo wangu.

Nimemweleza Mama Massawe yote. Nilitegemea anifokee. Akauliza tu kama kwetu kuna isale.

Ijumaa, 11 Machi
Baada ya zamu nimepanda kwetu Uru. Mama kanikatia isale kwenye mpaka wa kihamba, shamba letu la migomba, hakuuliza mengi. Ndilo jani tunalompelekea tuliyemkosea. Akiletewa, mila haimruhusu kukataa kusamehe. Nikaona dawa nimepata: nimpe jani, papo hapo nimwombe aniachie mguu nisafishe.

Kushuka, nikapita Njoro kwa Mama Massawe. Amekataa katakata. "Isale ni la kuomba radhi tu. Ukiomba na mguu humo humo, hawezi kukataa; umemfunga kamba." Ameniudhi. Jumatatu hiyo inakuja.

Jumamosi, 12 Machi
Nimengoja mkwewe afike. Nikapiga magoti palepale nilipomtukania. Shikamoo baba. Nikatoa jani kwa mikono miwili, nikasema nimemkosea mbele ya mkwewe. Basi. Harufu ya kidonda ilinijaa puani na sikukitaja. Sijawahi kufanya kazi ngumu kama hiyo. Alilipokea. Nikaondoka.

Jumapili, 13 Machi
Sina zamu. Misa ya kwanza, kisha wodini. Mguu wa mzee uko nje ya shuka. Akaonyesha kigoda. "Keti kwanza, mwanangu. Huko Uru mvua imeanza?"

Nikaketi. Tukaongea mvua, tukaongea kahawa. Nilipomaliza kufunga bendeji, akainama mwenyewe, akatoa chupa ya chai, akanipa nikamwage.

Mama Massawe alikuwa mlangoni, anajifanya anahesabu shuka. Yule ndiye nesi. Mimi nilikuwa fundi wa bendeji tu.

Jumatano, 30 Machi
Mzee Tarimo ameruhusiwa. Katoka na fimbo, kwa miguu yake miwili. Kidonda hakijafunga chote, ila nyama ni nyekundu, safi. Jani limekauka, bado analo mfukoni mwa koti.

Kitanda cha sita kimepata mama wa Pasua, ana presha. Nimekosa chai ya saa nne. Alikuwa na habari ndefu za kuku wake.